Janusz Gajos: tuanze na filamu ipi?

MaigizoKampala: Wakubwa shikamoo. Kikundi chetu cha maigizo kinataka kuonyesha kazi za Janusz Gajos wa Poland kwa Jumamosi tatu, VJ, yaani msimulizi wa filamu ukumbini, akitafsiri kwa Kiswahili. Tunataka wanafunzi waone jinsi mwigizaji anavyojinasua na uhusika uliomganda. Tuanze na ipi?

JukwaaMasindi: Marahaba. Anzeni na huo uhusika wenyewe. Czterej pancerni i pies ni tamthilia ya televisheni ya vipindi 21, 1966 hadi 1970, ya wanajeshi wanne wa kifaru na mbwa wao. Gajos ni Janek Kos, kijana shujaa. Alimaliza shule ya filamu ya Łódź 1965, basi nchi nzima ilimjua kwa sura hiyo kabla hajaonyesha nyingine. Kipindi kimoja kinatosha.

Jumamosi ya pili wekeni Przesłuchanie ya Ryszard Bugajski. Ilitengenezwa 1982, serikali ikaifungia hadi 1989. Kipenzi cha watoto sasa ni ofisa wa usalama anayemtesa mahabusu anayeigizwa na Krystyna Janda. Wakiiona bila kumjua Janek, nusu ya uzito inapotea. Watoto wadogo wabaki nyumbani.

Kinyonga: Umeruka vichekesho, na ndivyo vilivyolegeza lile ganda. Katika kabareti, yaani kipindi cha vichekesho na nyimbo, ya Olga Lipińska kwenye televisheni alikuwa Turecki, mhudumu tu. Shujaa akishachekwa, watu humkubali hata akiwa katili. Tafuteni vipande vifupi, mviweke kabla ya Przesłuchanie.

Jumamosi ya tatu ni filamu ya Biały ya mwongozaji Krzysztof Kieślowski, 1994. Gajos ni Mikołaj, aliyechoka kuishi na anayemlipa mtu amuue. Mwambieni VJ asijaze ukimya wake kwa maneno. Atafsiri mazungumzo, kisha anyamaze na kurudisha sauti ya filamu juu.

FundiSauti: VJ akisoma maandishi ya tafsiri, yajaribuni mwanzoni na mwishoni mwa filamu. Nakala za televisheni ya Ulaya huenda picha 25 kwa sekunde, za sinema 24. Mkichanganya, filamu ya dakika 90 itapishana na maandishi kwa zaidi ya dakika tatu na nusu mwishoni. Kusogeza mwanzo hakutibu. Badilisheni kasi ya faili la maandishi, kutoka 24 kwenda 25 au kinyume chake.

MaigizoKampala: Asanteni sana. Turecki anaingia kwenye ratiba.