Nimekuta mikanda ya filamu ya Unguja ya zamani, nifanyeje?

Mjukuu_Shangani: Asalaam alaykum wanajamvi. Kwenye sanduku la marehemu babu nimekuta mikebe ya filamu. Nimetazama kipande dirishani: Forodhani, majahazi, gari moshi karibu na Ngome Kongwe, Beit al-Ajaib (Jumba la Maajabu) na mnara wake. Nataka kuitia kwenye kompyuta. Nianzie wapi?

Binti_Mkunazini: Gari moshi la Bububu! Bibi yangu akituhadithia mamake alivyokuwa akililia kulipanda, babake akikataa katakata. Tuwekee picha, kaka!

Fundi_Picha: Kompyuta baadaye. Mkanda una upana gani? Ukingoni pameandikwa SAFETY, yaani filamu isiyowaka ovyo?

Mjukuu_Shangani: Upana vidole viwili hivi. Maandishi hayo hamna. Mkebe mmoja umejaa unga wa hudhurungi, unanuka vibaya.

Fundi_Picha: Inaelekea ni naitreti, filamu ya zamani inayowaka upesi. Ikishika moto maji hayaizimi, inajitolea oksijeni yenyewe. Umeiweka wapi?

Mjukuu_Shangani: Darini, juu ya jiko. Lakini haikai, kuna mtu anaichukua Ijumaa.

Ami_Malindi: Mtu gani?

Mjukuu_Shangani: Mnunuzi wa nje. Arubuni nimeshapokea. Jamani, ikibaki hapa itaoza tu, na miaka yote hakuna aliyeiulizia.

Bi_Mwanaidi: Mwanangu, mali ya maiti si ya aliyefungua sanduku. Warithi wenzio wanajua?

Mjukuu_Shangani: Shangazi yuko Muscat, bibi. Nitampelekea fungu lake.

Mpemba_Asilia: Uzi wa kutunga huu. Mnara wa mbele ya Beit al-Ajaib uliharibiwa vibaya na mizinga ya Waingereza Agosti 1896, ukaondolewa. Reli imekuja 1905. Vimekutanaje kwenye mkanda mmoja?

Ami_Malindi: Hapo kweli. Mjukuu, tujibu.

Mjukuu_Shangani: Ninaousema mimi umeshikana na jumba, una saa. Wallahi situngi.

Fundi_Picha: Basi yuko sawa. Huo wa saa ulijengwa baada ya mizinga. Na jumba lenyewe sehemu kubwa ilianguka Desemba 2020. Mnaona mkanda huo una nini? Na mtu anataka kuutoa nchini kwa arubuni!

Bi_Mwanaidi: Mpigie shangazi yako sasa hivi, kabla ya huyo mnunuzi.

Mjukuu_Shangani: Nampigia. Na usiku wa leo mikebe niiweke wapi?

Fundi_Picha: Usiiguse. Jiko lisiwashwe, watoto watoke, waite zimamoto uwaambie ni filamu ya naitreti. Asubuhi nenda Nyaraka za Taifa, Kilimani, kawaulize.