Mjadala: Schimanski alimbana Götz George, au alimwachia nafasi?

Mtoa hoja: Wakuu, nchini Ujerumani kila kaya hulipa ada ya utangazaji wa umma, euro 18.36 kwa mwezi, iwe na runinga au haina. Sehemu ya fedha hizo hutengeneza tamthilia za upelelezi. Wapo wanaotaka ada hiyo ifutwe, wakisema tamthilia hizo huwafungia waigizaji wazuri katika uhusika mmoja, na mfano wao ni Götz George (1938–2016), aliyecheza mpelelezi Horst Schimanski katika mfululizo wa *Tatort*. Nawaunga mkono. Mwaka 1977, katika *Aus einem deutschen Leben*, alikwishacheza mhusika aliyetokana na Rudolf Höss, kamanda wa Auschwitz, kambi ya mauaji ya Wanazi, kwa utulivu unaotisha. Halafu 1981 hadi 1991 tunampa kazi ya kukimbiza wahalifu mjini Duisburg akiwa na koti lilelile la kijeshi! Ni hasara.

Mchangiaji wa pili: Mkuu, tupige hesabu kwanza. *Tatort* si mali ya kituo kimoja. Ni ya ARD, muungano wa vituo vya utangazaji vya mikoa; kila kituo kina wapelelezi wake katika mji wake, na zamu huzunguka Jumapili usiku. Schimanski alikuwa wa WDR, kimojawapo cha vituo hivyo. Katika miaka hiyo 10 alitokea mara 29 tu, ukiziweka humo *Zahn um Zahn* (1985) na *Zabou* (1987) zilizoanzia kwenye kumbi za sinema. Hazifiki 3 kwa mwaka. Filamu ya dakika 90 ya aina hiyo hupigwa kwa wiki 4 hivi, kwa hiyo kwa mwaka zinamla wiki 12. Zinabaki 40.

Sasa mtazame Horst Tappert, mpelelezi wa tamthilia ya *Derrick*, kule ZDF, kituo kingine cha umma: vipindi 281 kati ya 1974 na 1998, yaani kama 12 kila mwaka, na yeye yumo katika vyote. Huyo ndiye aliyebanwa. George alipata muda wa *Abwärts* (1984), watu wanne ndani ya lifti iliyokwama, na *Die Katze* (1988), ambamo anaongoza wizi wa benki akiwa hotelini ng'ambo ya barabara. Hata DEFA, studio ya Ujerumani Mashariki, ilimpata kwa *Der Bruch* (1989).

Mchangiaji wa tatu: Hesabu yako sina shida nayo, ila umesahau jicho la mtazamaji. Katika *Abwärts* na *Die Katze* bado ni mwanamume yuleyule: mkakamavu, mwili umetangulia, maneno machache. Muda alikuwa nao, lakini waandishi wa miswada walikuwa wakimwandikia Schimanski kwa jina jingine. Mabadiliko yalikuja alipoliacha koti. Mwaka 1992, katika *Schtonk!*, akawa mwandishi wa habari mwenye tamaa anayeangukia shajara bandia za Hitler.

Kisha *Der Totmacher* (1995) ya Romuald Karmakar. Hapo ndipo pa kupimia. Maneno yote yametoka katika kumbukumbu za mahojiano ya mwaka 1924 kati ya muuaji Fritz Haarmann na daktari wa akili Ernst Schultze. Chumba kimoja, meza, hakuna wa kukimbizwa. Ugumu wake ni kwamba maneno ya mahojiano yana marudio na sentensi zilizokatika. Mwigizaji akiyanyoosha, yanakufa. Akicheza jitu la kutisha tangu mwanzo, mtazamaji anajitenga naye na kupumua. George anamcheza mtu anayetaka kupendwa: anacheka, anadeka, ananuna, anataka sifa kama mtoto, na hapo hapo anaeleza alivyokata maiti. Mwili ule uliozoea kuruka kuta sasa umekaa kitini, nguvu yote imehamia usoni na mikononi. Tamasha la filamu la Venice lilimpa tuzo ya mwigizaji bora wa kiume mwaka huohuo, na alistahili.

Mtoa hoja: Kuhusu muda nakubali, nilikosea. Lakini mbona 1997 alirudi kwa Schimanski, akaendelea hadi 2013? Filamu 17 nyingine!

Mchangiaji wa pili: Filamu 17 kwa miaka 16, moja tu kwa mwaka. Katikati yake alicheza Josef Mengele, daktari wa Auschwitz, akiwa mzee, katika *Nichts als die Wahrheit* (1999), na katika *Mein Vater* (2003) baba anayepotewa na kumbukumbu. Mwaka 2013, uleule wa Schimanski wa mwisho, katika *George* alimcheza baba yake mzazi, mwigizaji Heinrich George, aliyefia kambi ya Wasovieti ya Sachsenhausen mwaka 1946. *Mein Vater* na *George* zote mbili ni filamu za runinga. Ukiifuta ada, hizo nazo zinaondoka.

Mchangiaji wa tatu: Basi tusidai ada ifutwe. Tudai mikataba iweke kikomo: mpelelezi mmoja, filamu zisizozidi 3 kwa mwaka, na kituo kisimzuie mwigizaji kuchukua kazi ya sinema katika miezi iliyobaki.