Naomba ushauri: Tobiti na Yoshua bin Sira vilitoka wapi?

Habari zenu ndugu zangu. Naongoza darasa la Biblia lenye Wakatoliki na Walutheri, na tumekwama kwenye hesabu: Agano la Kale lina vitabu 46 (kama Biblia ya Kikatoliki) au 39 (kama ya Kilutheri)? Nilijibu haraka kwamba Wayahudi waliviacha vile vitabu 7 vya ziada, vikiwemo Tobiti na Yoshua bin Sira, kwa kuwa viliandikwa Kigiriki. Mzee mmoja akanikosoa, na kusema kweli sikuwa na la kumjibu: vipande vya Tobiti kwa Kiaramu na Kiebrania vimepatikana katika mapango ya Qumran karibu na Bahari ya Chumvi, na vya Sira kwa Kiebrania huko kwenye ngome ya kale ya Masada. Nimesoma dibaji za Biblia zote mbili, sijapata jibu. Je, orodha ya vitabu vitakatifu vya Wayahudi ilishafungwa kabla hekalu la Yerusalemu halijabomolewa mwaka 70? Na kama lugha si sababu, waliviacha kwa nini?