Mliojifunza filamu wenyewe hapa Goma, tupeane uzoefu: siku gani ulitaka kuacha?

Mwana_Birere: Jana pale mzunguko wa Signers nimeona kijana anapiga filamu kwa simu, mwenzake kamshikia mwavuli, pikipiki zinawapigia honi. Nimekumbuka mbali. Sisi darasa letu lilikuwa YouTube, usiku. Semeni yenu.

Kivu_Kimya: Sauti! Pembeni ya ziwa upepo unakula maneno yote. Ukiingia ndani, jirani anawasha jenereta.

FundiMajengo: Njo vile!

MzeeKamera: Kujifunza wenyewe wapi? Nusu yenu mlikuwa mnashinda Yole!Africa, kile kituo cha sanaa.

Mwana_Birere: Kushinda kwenye kiti si kusoma, mzee.

Yaya Mapendo: Mimi ni tarehe 22 Mei 2021. Nilikuwa natengeneza filamu fupi juu ya mama. Nyumba yake iliungua 2002, lava ya volkano Nyiragongo ilipopita katikati ya mji mpaka ziwani, na hakupenda kuizungumzia. Jumamosi ile jioni akakubali. Nikaegemeza simu kwenye sufuria, akaanza kuhesabu vyombo alivyoacha ndani. Kufika kwenye cherehani akanyamaza, anaangalia dirisha. Mbingu nyekundu. "Zima hiyo. Iko inakuja tena." Nikaitia simu mfukoni inaendelea kurekodi. Tukashika njia ya Sake na umati wote. Ukiitazama leo huoni sura hata moja, ni giza tu, viatu kwenye mawe, na mama anaita majina ya watoto mmoja mmoja. Akikosa jibu anaanza upya. Lava ilisimama karibu na uwanja wa ndege. Tumerudi, tarehe 27 wakatuambia tuhame tena. Hapo nilisema sinema basi.

FundiMajengo: Mungu wangu.

Kivu_Kimya: Pole yaya. Lakini mama kasema zima. Hiyo ni filamu ao ni wizi?

Yaya Mapendo: Mama njo wa kwanza kuiona. Kasema nitoe pale anapolia, niache pale anapomgombeza baba. Nimefanya hivyo. Wewe wako umemuuliza?

Kivu_Kimya: Wangu hataki hata picha ya kitambulisho.

MzeeKamera: Simu haitengenezi sinema. Nunueni kamera.

Mwana_Birere: Kwa franga za nani?

Petit_Katindo: Yaya, sauti yako haikukimbia mdomo? Simu inabadilisha idadi ya fremu kwa sekunde, ukifika kwenye kuhariri kila kitu kinaachana. Pitisha kwenye programu ya HandBrake kwanza, chagua idadi ya fremu isiyobadilika. Na taa zikicheza-cheza kwenye picha weka shata (muda kamera inaoingiza mwanga kwa kila fremu) 1/50 ya sekunde, umeme wetu ni hezi 50.

FundiMajengo: Umeme upi? 😂

MzeeKamera: Andikeni skripti kwanza.

Yaya Mapendo: Volkano haisomi skripti, mzee.

Petit_Katindo: Nani ataniazima betri ya Canon, LP-E6? Kesho nina harusi Himbi, njo inayolipia filamu yangu. Narudisha Jumatatu, ikiwa imechajiwa.

MzeeKamera: Ninayo. Lakini uje mwenyewe, usitume mdogo wako.