Naomba ushauri: maktaba gani ya kusaini PDF kidijitali?

Habari zenu wakuu. Nimekwama kwenye kuchagua maktaba (mkusanyiko wa msimbo uliokwisha andikwa), naomba uzoefu wenu.

Mfumo wetu ni wa Python. Unazalisha mikataba ya PDF, na kila faili linatakiwa lisainiwe papo hapo bila mtu kubofya chochote. Ufunguo wa siri wa kusainia umo ndani ya HSM (kifaa maalumu cha kutunza funguo) na hautoki, hivyo maktaba lazima iongee PKCS#11, yaani kiolesura sanifu cha kuwasiliana na vifaa hivyo. Linaloniumiza kichwa zaidi ni uhai wa saini: mikataba hii itakaguliwa miaka mingi baadaye, cheti cha kusainia kikiwa kimeshaisha muda. Ndiyo maana nataka PAdES (kiwango cha Ulaya cha saini za PDF) ya ngazi ya B-LTA, yaani muhuri wa muda pamoja na majibu ya OCSP au CRL (uthibitisho kwamba cheti hakikuwa kimebatilishwa) viwe ndani ya faili lenyewe, na juu yake muhuri mwingine wa muda unaovilinda vyote.

Maktaba ya iText nimeiweka kando kwa sababu ya AGPL, leseni huria inayoweza kukulazimu kutoa msimbo wako wazi. Msimbo wetu ni wa ndani na bajeti ya leseni ya kibiashara hatuna. pyHanko, maktaba ya Python, imenivutia: leseni ni MIT (huria isiyo na masharti mengi), na faili la majaribio lilipata tiki ya kijani kwenye Adobe Reader nilipoongeza cheti cha mzizi (cheti cha juu kabisa cha mtoaji) kwenye orodha ya vinavyoaminika. DSS, maktaba ya saini za kidijitali ya Kamisheni ya Ulaya, naiona imekamilika zaidi, ila ni ya Java, itabidi iendeshwe kama huduma ya pembeni.

Aliyetumia pyHanko na HSM kwenye mzigo mkubwa, je, inahimili? Na mihuri ya muda inapokaribia kuisha, mnaihuisha vipi kwenye mafaili ya zamani?