Mwaka wa uanagenzi uhesabiwe kuwa tajriba ya kazi?

Chaki Nyeupe: Walimu wenzangu, turudi kwa ile hukumu ya Aprili 17, 2024. Jaji Byram Ongaya wa Mahakama ya Ajira na Mahusiano ya Leba alisema TSC, yaani Tume ya Huduma za Walimu ya Kenya, haina mamlaka ya kuajiri walimu wanagenzi, wale wanaowekwa darasani kama wanafunzi wa kazi kwa malipo madogo. Ukishasomea kazi na kusajiliwa, wewe ni mwalimu, basi. Januari 2025 wanagenzi 46,000 wa Sekondari Msingi (Gredi 7 hadi 9) wakaingizwa kwenye ajira ya kudumu na pensheni. Sasa nauliza: kama uanagenzi ulikuwa kinyume cha sheria, mbona ndio uliofungua mlango, na waliomaliza chuo 2014 wakabaki nje?

Binti wa Gredi 7: Mlango gani? Nilikuwa mmoja wao. Shilingi 20,000 kwenye barua, 17,000 mkononi. Nimesomea Kemia na Bayolojia lakini nilipewa Hisabati, Kilimo na hata Kiswahili. Maabara ilikuwa meza moja nyuma ya darasa, karai la maji na kibiriti. Hiyo ni tajriba nimeilipia kwa jasho. Sisi tulikuwa darasani wakati wengine wanasukuma siku na vibarua vya BOM, bodi za usimamizi wa shule.

Mlinda Kengele: "Wanasukuma siku"? Dada, rudisha hilo neno. BOM imenilipa miaka sita, 7,000 kwa mwezi, pesa za wazazi. Karo isipoingia, nilipimiwa mahindi kwenye stoo kama mtu wa kuomba. 2020 shule zilipofungwa kwa korona sikupata hata ndururu. Lakini Fizikia ya Kidato cha Nne ni mimi.

Mzazi Kitale: Mwanangu alifundishwa na mwalimu wa BOM hadi akaingia chuo kikuu. Tafadhali msiwatukane watu hawa.

Binti wa Gredi 7: Sijatukana mtu. Nimesema hamkutumwa na TSC. Sisi tuliwekwa na mwajiri mwenyewe, tukapelekwa tusikokujua.

Mlinda Kengele: Kwa hiyo mtoto aliyefundishwa na mtu asiyetumwa hakusoma?

Chaki Nyeupe: Jamani, swali langu lilikuwa la sheria. Ibara ya 47 ya Katiba inampa mfanyakazi haki ya kutendewa kwa usawa kazini. Hapo ndipo kesi iliposimama.

Sheria Kwa Wote: Hiyo ni ya 41, mwalimu. Ya 47 ni ya haki katika maamuzi ya kiutawala, na humu wengi mnaihitaji kuliko mnavyodhani: uamuzi ukikuumiza, una haki ya kupewa sababu kwa maandishi. Pia someni 232, inayotaka uteuzi katika utumishi wa umma utokane na ushindani wa haki na ustahili. Hukumu ile haikusema miezi ya wanagenzi ni bure. Ilisema walikuwa walimu kamili waliopewa jina dogo na malipo madogo. Kwa maoni yangu hoja hiyo hiyo inambeba mwalimu wa BOM aliyesajiliwa, kwani naye alikuwa mwalimu kamili.

Binti wa Gredi 7: Mimi nataka tofauti ya mshahara wangu. Hilo mbona hakuna anayelizungumzia?

Mlinda Kengele: Na mimi nataka neno lile lirudishwe.

Binti wa Gredi 7: Haya, la "kusukuma siku" nimelirudisha. La kwamba tulipendelewa, nalo mlirudishe.

Sheria Kwa Wote: Mlinda Kengele, uliwahi kuandika kuomba sababu ulipokataliwa? Na una ushahidi gani wa hiyo miaka sita?

Mlinda Kengele: Sijawahi kuandika. Kwenye mahojiano barua ya mwalimu mkuu iliwekwa kando bila kufunguliwa. Vocha za malipo ninazo, nimezifunga kwenye boksi la chaki. Za mihula ya mahindi ndizo sina, hayakuwa na vocha.

Sheria Kwa Wote: Karani aliyekupimia bado yuko pale shuleni?

Mlinda Kengele: Yuko. Jumatatu naenda kumwona.