Gemu za zamani kwa kulipia kwa mwaka: Nintendo, PlayStation au Xbox?

Kaseti_Nyeusi (Dar es Salaam)

Wakuu, habari za jioni. Nataka kununua mashine moja tu ya gemu, na sababu si gemu mpya. Nina watoto wawili, wa miaka 9 na 12. Kila nikiwasimulia kaseti zile tulizokuwa tunazipuliza ndipo zisome kwenye TV ya chogo, wananitazama kama ninayesimulia enzi za Mjerumani. Nataka wazione kwa macho yao. Na mimi mwenyewe nataka kucheza, nisiwadanganye.

Nimepitapita nikaona njia tatu za kulipia ili upate gemu za zamani. Nintendo Switch Online ya kawaida ni kama dola 20 kwa mwaka, na ile yenye Expansion Pack ni 50. PlayStation Plus Premium, kwa akaunti ya Marekani, ilipandishwa Septemba 2023 ikafika dola 160 kwa mwaka. Halafu Game Pass Ultimate ya Xbox, ambayo Oktoba 2025 ilifika dola 30 kwa mwezi. Kwa mwezi! Nikazidisha mara 12, nikaizima simu nikaenda kula.

Najua bei peke yake haisemi kitu, ndiyo maana nauliza waliotumia. Nauliza za zamani tu. FIFA mpya shemeji anayo na tunamsumbua vya kutosha.

Pedi_Moja (Nairobi)

Kaka, kwa hao watoto chukua Switch, mashine ya Nintendo, na anza na ile ya dola 20. Mimi niko mwaka wa nne.

Walianza Septemba 2018 na gemu 20 za NES, ile Nintendo ya kaseti ya miaka ya themanini. Ndiyo mashine ambayo sisi wengi tuliijua kwa zile kopi za sokoni zenye kaseti za "gemu 9999 ndani", kumbe ni kumi zinazojirudia. Ndani ya hizo 20 mlikuwa na Super Mario Bros., Donkey Kong, Excitebike, Ice Climber, Balloon Fight, Double Dragon. Mwaka mmoja baadaye zikaja za Super Nintendo, na Februari 2023 za Game Boy. Hizo zote zimo kwenye bei ndogo. Expansion Pack, iliyoanza Oktoba 2021, inakuongezea Nintendo 64 na Sega Mega Drive, halafu Game Boy Advance.

Kitu kitakachowaokoa watoto wako ni kurudisha nyuma. Kwenye za NES na Super Nintendo ukibonyeza vitufe vya ZL na ZR kwa pamoja, mchezo unarudi nyuma kama mkanda wa video, unachagua pa kuanzia kabla hujaanguka shimoni. Sisi tulikuwa tukifa tunaanza mwanzo na kaka mkubwa anachukua pedi. Hawa wa leo ukiwapa gemu ya 1985 bila msaada, dakika tano washaiacha.

Jambo moja la kuangalia: mashine lazima iguse intaneti angalau mara moja kila siku 7, la sivyo gemu hizo za zamani hazifunguki. Nilisafiri ushago Krismasi wiki mbili, nikasahau kabisa kuwasha hotspot. Siku ya nane nikabaki nayo mkononi kama trei.

Bibi_Arkedi (Mombasa)

Pedi_Moja unamuuzia mwenzio Mario tu, kana kwamba dunia ya zamani iliishia hapo. Mimi ni mtu wa PlayStation tangu ile ya kijivu, na gemu zilizonilea ni Tekken, Resident Evil, Syphon Filter. Hizo Nintendo hakupi.

Ila nitasema ukweli, Kaseti_Nyeusi, maana hapa watu wengi hununua kwanza wakajua baadaye. Tangu 2022 PlayStation Plus ina madaraja matatu, na gemu za zamani ziko daraja la juu kabisa tu. Za PS1, PS2 na PSP unazipakua zikakaa kwenye mashine. Za PS3 hupakui: zinachezwa kwa kustrimu, yaani gemu inaendeshwa kwenye seva zao na wewe unaipokea kwa intaneti. Sasa kustrimu hakupo kila nchi. Ukifungua akaunti ya Afrika Kusini, kama wengi wetu tulivyofanya, daraja lako la juu linaitwa Deluxe, ni nafuu kidogo, na PS3 humo hamna. Kwa hiyo swali la kwanza si "Premium ina nini", ni "akaunti yako ni ya nchi gani". Na nchi ya akaunti ya PlayStation ukishaichagua haibadilishwi. Nintendo unaibadilisha kwenye mipangilio, mradi usiwe na salio limebaki.

La pili ni kasi. Miaka ile TV za kwetu zilikuwa za mfumo wa PAL, hezi 50 (picha 50 kwa sekunde), za Marekani na Japani hezi 60. Gemu nyingi zilizoundwa kwa 60 zililetwa kwenye 50 bila kurekebishwa vizuri, zikawa zinakwenda polepole, kama asilimia 17 hivi chini ya kasi yake. Huduma hii ilipoanza Asia mwaka 2022, baadhi ya gemu za PS1 zilitoka kwa toleo lile la hezi 50, watu wakapiga kelele, Sony wakaanza kuongeza chaguo la 60. Ukikuta Tekken 2 imelegea kama imeshiba ubwabwa, tafuta kwenye menyu ubadilishe toleo.

Fundi_Waya (Mwanza)

Mnahangaika bure. Emuleta (programu inayoiga mashine za zamani) kwenye simu, gemu zote bure, mada imefungwa.

Bibi_Arkedi (Mombasa)

Fundi, amesema watoto wawili na TV. Utawapa skrini ya simu waigombanie? Na hizo gemu "bure" unazipata wapi, tusiulizane.

Theluji_Tupu (Minneapolis)

Naona Xbox imeachwa kwa sababu ya bei ya Game Pass, na kwa bei mko sahihi. Mtu anayetaka za zamani tu hana sababu ya kulipa Ultimate. Lakini mnasahau kitu ambacho hakihitaji kulipia chochote kwa mwezi: diski.

Xbox Series X inasoma diski za Xbox ya kwanza na za Xbox 360, zile zilizo kwenye orodha yao ya zinazokubalika. Za 360 ni mamia, za Xbox ya kwanza ni 63. Orodha ilifungwa Novemba 2021 walipoongeza za mwisho 76, haitakua tena. Unaingiza diski, mashine inashusha toleo lake mtandaoni mara ya kwanza, kisha unacheza, na nyingi zinaonekana safi kuliko zilivyokuwa. PS5 haisomi diski za PS1, PS2 wala PS3 hata kidogo. Huku kwenye maduka ya mitumba diski za 360 nazipata kwa dola mbili tatu. Huko nyumbani sijui mtazitoa wapi, maana enzi zile karibu kila mashine ilikuwa imechipiwa (imewekwa chipu isome kopi) na diski ni za kuchoma, na hizo hapa hazisomi.

Angalizo: Series S haina pa kuingizia diski. Usiuziwe kwa sababu ni nyeupe na ndogo.

Pedi_Moja (Nairobi)

Theluji umenikumbusha kitu. Kuna gemu moja inayopima huduma mbili, ya Nintendo na ya Xbox, vizuri kuliko maneno yetu yote: GoldenEye 007. Ilitengenezwa na Rare kwa Nintendo 64 mwaka 1997. Microsoft wakainunua Rare 2002, na gemu ikakwama miaka mingi kwa mambo ya haki. Januari 2023 ikatoka siku moja kwa wote wawili, Expansion Pack na Game Pass.

Kwenye Switch unaweza kucheza na watu walio mbali kupitia mtandao. Lakini vitufe vimefuata pedi ya N64 iliyokuwa na kijiti kimoja, kwa hiyo mwanzo unalenga dari, unalenga viatu, adui anakusubiri kwa heshima. Kwenye Xbox picha ni ya 4K na vijiti viwili vinafanya kazi kama gemu za leo. Ila kucheza zaidi ya mtu mmoja ni kwa kugawa skrini tu, mkiwa sebule moja.

Kwa hiyo hata gemu ileile, hupati kitu kilekile. Mimi nacheza na binamu yangu wa Kisumu, nikachagua kulenga dari.

Yakhe_wa_Matrah (Muscat)

Assalaam aleikum jamaa. Mmesahau gemu za GameCube, mashine nyingine ya zamani ya Nintendo. Tangu Juni 2025 zimo kwenye Expansion Pack, lakini kwa Switch 2 peke yake. Ile ya kwanza hazimo. Walianza na The Wind Waker, F-Zero GX na SoulCalibur II, mwezi uliofuata ikaja Super Mario Strikers. Huo ni mpira, yakhe, lakini mpira wa rafu, refa hayupo.

Na nakwambia ndugu wa Dar, ukija kwa hamu ya mpira wa zamani, ile ya kuchezea kibandani kwa kulipa kila mechi, punguza matumaini kwa huduma zote tatu. Gemu ya mpira ina majina ya wachezaji, jezi, nembo za klabu, na kila kimoja kina leseni yenye mwisho. Hata ile isiyo na majina haiko salama: mwaka 2025 Super Formation Soccer iliondolewa kwenye orodha ya Japani ya Super Nintendo. Waliokuwa wanalipa na walioishusha, wote sawa, ikaenda.

Hapo ndipo ninapotofautiana na nyote. Huku ni kupanga nyumba, si kununua. Na hata "kununua" kwa mtandao kuna siku yake: duka la mtandaoni la Wii, mashine ya Nintendo, lilifungwa Januari 2019, la 3DS na Wii U, nazo za Nintendo, Machi 2023.

Bibi_Arkedi (Mombasa)

Yakhe, hilo la kupanga nakubali, ila PlayStation wana nafuu moja. Gemu nyingi za zamani zilizomo Premium zinauzwa pia mojamoja. Unailipa mara moja, huduma ukiiacha inabaki kwako. Na aliyekuwa amenunua baadhi ya zile za PS1 na PSP kwa njia ya mtandao miaka ya nyuma, alizikuta PS5 bila kulipa tena. Nintendo waliokuwa wamenunua Mario ya Wii waliambiwa waanze upya kwa kulipia mwaka.

Kaseti_Nyeusi (Dar es Salaam)

Nawashukuru sana, nimejifunza kuliko wiki nzima ya video. Sasa niseme kilicho moyoni: gemu ninayoitafuta hasa ni Contra. Ile ya wanaume wawili vifua wazi. Nimepekua orodha za NES sikuiona.

Theluji_Tupu (Minneapolis)

Ungeanza na hilo mkuu, tungeokoa kurasa! Konami walitoa Contra Anniversary Collection mwaka 2019. Ipo Switch, PS4, Xbox One na kompyuta. Ndani kuna ya NES unayoitaka, ya arkedi (mashine za kutumbukiza sarafu), Contra III na nyingine, kwa kama dola 20, mara moja. Hard Corps imo pia, ambayo ukilipia Expansion Pack utaikuta upande wa Mega Drive. Usilipe mara mbili.

Pedi_Moja (Nairobi)

Na ukitafuta Switch ya mtumba, kagua isiwe Switch Lite. Lite haiungi kwenye TV na pedi zake hazitoki. Ile ya kawaida unachomoa pedi mbili za pembeni, kila mtoto anashika moja kwa kuilaza, na kwa gemu za NES vitufe vinatosha kabisa. Hutanunua pedi ya pili mwezi huo.

Kulipa: sisi huku tunatumia kadi ya Visa ya M-Pesa. Ukiamua kununua kadi za zawadi, nunua kwa mtu unayemjua. Niliwahi kuuziwa namba iliyokwisha kutumika, na muuzaji hadi leo "yuko kwenye mkutano".

Kaseti_Nyeusi (Dar es Salaam)

Basi nimeamua. Switch ya mtumba, si Lite. Wiki ya kwanza natumia ile ya majaribio ya bure nione kama wanaipenda, wakiipenda nalipa dola 20. Contra nainunua iwe yangu. N64 itasubiri, maana nisipocheza Mario Kart 64 mwaka huu sitaugua. Bibi, Tekken nitakuja kucheza kwako nikipita Mombasa.

Swali la mwisho: ule ujanja wa kupata maisha 30 kwenye Contra bado unafanya kazi?

Bibi_Arkedi (Mombasa)

Karibu, ila njoo na pedi yako. Zangu hazishikwi na mgeni.

Pedi_Moja (Nairobi)

Unafanya. Juu juu, chini chini, kushoto kulia, kushoto kulia, B, A, kisha anza. Usiwaambie watoto kabla hawajafa mara kumi.